Kikosi cha 443: Wabebaji wa Burma, Walimu wa Oklahoma

Kikosi cha 443 cha Jeshi la Anga la Marekani kilianzishwa Februari 1944 mjini Sylhet, ambao leo uko Bangladesh na wakati ule ulikuwa ndani ya India ya Waingereza. Hakikupewa mabomu, wala bunduki za kuwindia ndege za adui. Kilipewa ndege za C-47 zenye injini mbili, na amri ya kubeba. Zaidi ya miaka 20 baadaye namba hiyo hiyo ilikabidhiwa shule, mahali ambapo marubani, mafundi wa ndani ya ndege na wasimamizi wa shehena walifundishwa kuendesha ndege kubwa kuliko zote ambazo jeshi lile limewahi kuwa nazo. Leo namba hiyo haipo tena kwenye orodha ya vikosi vilivyo hai, na mtu akitafuta historia ya uchukuzi wa kijeshi wa anga atasoma mengi kuhusu ndege zenyewe kabla hajakutana na habari za waliofundisha watu kuzirusha.

Mimi ni mtu wa mizigo. Riziki yangu imetoka uwanja wa ndege, katika kazi ya kupanga shehena tumboni mwa ndege na kuandika mizania yake, ile karatasi inayomwambia rubani uzito uko wapi na kitovu chake kimeangukia wapi. Anayefanya kazi hii hujifunza mapema kwamba mzigo uliofungwa vibaya unaweza kuangusha ndege nzima, na kwamba aliyemfundisha mfungaji ndiye mwenye usalama wa safari mkononi, ingawa jina lake haliandikwi popote. Kwa hiyo kikosi ambacho historia yake yote ni kubeba na kufundisha kubeba kinanigusa kuliko vikosi vilivyopata umaarufu kwa kubomoa miji.

Tuanze na Burma, kwa kuwa huko ndiko mambo yalikokuwa mazito. Mwaka 1944 Wajapani walikuwa wameishika nchi hiyo karibu yote, na majeshi ya Uingereza, India, China, Marekani na Afrika yalikuwa yakisukuma kuelekea kusini kupitia milima iliyofunikwa na misitu, ambako barabara zilikuwa chache na hizo chache huoshwa na mvua kila mwaka kuanzia Mei hadi Oktoba. Jeshi linalotembea katika nchi kama hiyo halina budi kula kutoka angani. Kikosi cha 443 kilihama kutoka Sylhet kwenda Sookerating, kisha Dinjan, kisha Ledo, viwanja vilivyoko Assam, kaskazini mashariki mwa India, kadiri mstari wa vita ulivyosogea. Kutoka huko kilipeleka petroli, mafuta ya kulainisha, vyombo vya mawasiliano, zana za wahandisi, dawa, risasi na chakula, na kiliporudi kilibeba majeruhi. Kilisafirisha askari pia, na mara kwa mara kilivuka milima kuingia China.

Inafaa kueleza jinsi mzigo ulivyokuwa ukidondoshwa, maana hapo ndipo ustadi wa kazi unapoonekana. C-47 ina mlango mpana upande wa kushoto, karibu na mkia. Mizigo ilipangwa karibu na mlango huo, na askari waliopewa kazi ya kusukuma walikaa nyuma yake, wengine wakiwa wamelala chali ili wasukume kwa miguu. Rubani alitafuta uwazi mdogo uliofyekwa msituni, akashuka hadi mita mia hivi juu ya miti, mara nyingi ndani ya bonde jembamba ambamo hakuna nafasi ya kugeuza, akatoa ishara, na mzigo ukatoka. Uwazi ulikuwa mfupi kiasi kwamba furushi chache tu ziliweza kutoka kabla ndege haijaupita, hivyo ilimlazimu kuzunguka na kurudi, tena na tena, kwa mwendo wa polepole, juu ya msitu ambao adui alikuwa ndani yake. Risasi na dawa zilishuka kwa miavuli. Mchele na chakula cha nyumbu mara nyingi viliangushwa hivi hivi bila mwavuli, vikiwa vimetiwa katika gunia lililo ndani ya gunia jingine kubwa zaidi, ili la ndani likipasuka kwa kishindo nafaka ibaki katika la nje. Mtu aliyebuni hilo alikuwa anaujua mzigo wake.

Miavuli nayo ilikuwa adimu, kwa kuwa hariri na nailoni vilihitajika kwingine. Jenerali William Slim, kamanda wa Jeshi la 14 la Uingereza, aliagiza miavuli itengenezwe Calcutta kwa juti, uzi ule ule wa magunia ambao viwanda vya Bengal vilikuwa navyo tele. Haikufaa kumshushia mtu, lakini kwa sanduku la chakula ilitosha, na bei yake ilikuwa sehemu ndogo tu ya bei ya mwavuli wa kawaida. Kila ninapoona gunia la kahawa la juti likipitishwa kwenye mizani hukumbuka kwamba kitambaa cha namna hiyo kiliwahi kulisha jeshi.

Wasomaji wa Kiswahili tuna sehemu yetu katika habari hii. Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, iliyokuwa na vijana kutoka Kenya, Uganda, Tanganyika na Nyasaland, wale ambao nyumbani waliitwa askari wa Keya, ilipewa kazi ya kuwafuata Wajapani katika Bonde la Kabaw katikati ya mvua za mwaka 1944. Waliteremka kutoka Tamu mwezi Agosti, wakipita katika tope lililowafika magotini, katika bonde lililosifika kwa malaria na homa ya vichakani inayoenezwa na utitiri. Malori yalizama, na njia waliyoipita haikuweza kupitisha chakula cha divisheni nzima, kwa hiyo ndege ndizo zilizowaletea posho. Tarehe 2 Desemba 1944 waliuteka mji wa Kalewa, kando ya mto Chindwin, na siku chache baadaye wahandisi wakatandika hapo daraja la vyuma la Bailey lenye urefu wa mita 350 hivi, ambalo wakati huo lilikuwa refu kuliko yote ya aina yake. Jeshi la Slim likapita juu yake kuelekea Mandalay.

Anga la Burma lilikuwa la vikosi vingi, vya Waingereza na vya Wamarekani, vikigawana mabonde na siku, na 443 kilikuwa kimoja kati yake. Jambo ninalotaka lionekane ni kwamba kijana wa Keya aliyekaa kando ya uwazi wa msitu akisikiliza mlio wa injini juu ya mawingu alikuwa ametegemea maisha yake kwa ujuzi wa mtu mwingine asiyemjua, aliyefundishwa kushuka chini ya mawingu bila kugonga mlima, na wa mwingine aliyefundishwa kusukuma furushi kwa sekunde sahihi. Furushi likichelewa kidogo linaangukia upande wa Wajapani. Tumezoea kuhadithia vita ile kwa ushujaa wa waliotembea, nao walistahili kila neno la sifa walilopewa, na mengi zaidi ambayo hawakupewa. Lakini posho yao ilikuwa na watu wake.

Vita vilipokwisha, 443 kilihamia Chihkiang, kusini mwa China, mwishoni mwa Agosti 1945. Wajapani walikuwa wamesalimu amri, na serikali ya China ilihitaji kurudisha askari wake upesi katika Nanking, uliokuwa mji mkuu, ambako hati ya kusalimu amri kwa upande wa China ilitiwa saini tarehe 9 Septemba. Kati ya Chihkiang na Nanking ni karibu kilomita 1,000 kwa mstari ulionyooka, na reli na barabara za njiani zilikuwa zimeharibiwa na miaka minane ya vita. Katika mwezi huo wa Septemba kikosi kilibeba jeshi la Wachina zaidi ya 30,000 kwa ndege. Ukichukua watu 30 kwa kila safari, na C-47 haikukusudiwa kubeba zaidi ya hapo, unapata safari 1,000 za kwenda, na nyingine kama hizo za kurudi tupu. Kwa kazi hiyo kikosi kilipewa tuzo ya juu ya heshima ambayo jeshi lile huwapa watu wote wa kikosi kwa pamoja. Desemba kilirudi Marekani, na kabla ya mwaka kwisha kikavunjwa.

Kuhusu miaka iliyofuata sina mengi ya kusema. Mwaka 1949 namba 443 ilifufuliwa kama kikosi cha akiba huko Dallas, Texas, na tarehe 1 Mei 1951, vita vya Korea vikiwa vimepamba moto, watu wake waliitwa kazini wakapelekwa kituo cha Donaldson, South Carolina, wakiwa na ndege za C-46 na baadaye C-119. Hawakupelekwa Korea. Walifanya safari za uchukuzi na mazoezi ndani ya Marekani, na Februari 1953 kikosi kikafungwa tena.

Kuzaliwa kwa shule kulikuja kwa sababu ya injini za jeti. Hadi mwanzoni mwa miaka ya 1960, uchukuzi wa masafa marefu wa jeshi la Marekani ulitegemea C-124, ndege nene ya injini nne za pistoni iliyokwenda kilomita mia tatu na kitu kwa saa na kutikisika safari nzima. Oktoba 1964, kituo cha Tinker, karibu na Oklahoma City, kilipokea ndege ya kwanza ya C-141 iliyotolewa kwa kamandi ya uchukuzi, yenye injini nne za jeti na mwendo uliozidi mara mbili ule wa C-124. Ilipelekwa Tinker, kabla ya kituo chochote cha safari, kwa sababu Tinker ndiko kulikokuwa na wakufunzi. Hawa walikuwa wakifundisha C-124 tangu mwaka 1959, na sasa iliwabidi kufundisha ndege mbili zilizotofautiana katika karibu kila jambo. Rubani aliyezoea pistoni amezoea kuona nguvu ikija mara anaposukuma mkono wa mafuta. Injini ya jeti ya wakati ule ilichukua sekunde kadhaa kuamka, na sekunde hizo, ndege ikiwa chini na polepole karibu na uwanja, ndizo zinazoamua. Mtu wa namna hiyo hajifunzi kwa kusoma kitabu peke yake. Anahitaji mkufunzi aliyeketi kiti cha pembeni, mkono wake ukiwa karibu na usukani, ambaye ameshawaona wengi wakikosea mahali hapo hapo.

Tarehe 1 Januari 1966 huduma ya zamani ya uchukuzi ilipandishwa hadhi kuwa kamandi kamili ya uchukuzi wa anga, na wiki moja baadaye, tarehe 8 Januari, shule ya Tinker ikapewa namba mpya, yaani Kikosi cha 443 cha Uchukuzi wa Anga, Mafunzo. Kwa utaratibu wa jeshi lile, kikosi kipya kilirithishwa heshima za kundi la Burma na China. Watu walioandikwa humo walikuwa walimu, na wengi wao walikuwa bado watoto au vijana ndege za Sylhet zilipokuwa zikidondosha mchele. Hata hivyo nadhani aliyeichagua namba hiyo alichagua vyema, awe alikusudia au la. Nguvu ya kazi hiyo ilikuwa Vietnam. C-141 zilivuka Pasifiki na shehena, zikarudi na majeruhi na majeneza, na karibu kila rubani wa C-141 alipata mafunzo yake ya mwanzo kwa walimu hawa. Ndege iliyotua Hanoi tarehe 12 Februari 1973 kuchukua wafungwa wa kwanza wa kivita walioachiliwa ilikuwa C-141.

Mei 1969 shule ilihamia Altus, kusini magharibi mwa Oklahoma. Mji wenyewe ni mdogo, umezungukwa na mashamba ya pamba na ngano, nchi ni tambarare, na siku za anga safi ni nyingi. Kambi ilikuwepo tangu vita vya pili vya dunia, wakati huo pia ikiwa mahali pa mafunzo ya marubani, kisha ikawa makao ya ndege za mabomu za nyuklia, na kwa miaka michache hadi 1965 mashamba ya jirani yalizungukwa na mashimo 12 ya makombora ya Atlas. Zama hizo za mabomu ziliiachia Altus njia ya kurukia ndege yenye urefu wa zaidi ya kilomita 4. Kwa shule iliyokuwa ikisubiri C-5, hakukuwa na urithi bora zaidi.

C-5 ya kwanza ilitua Altus Desemba 1969. Tena shule ilitangulia kuipata kabla ya vikosi vya safari. Ndege hii ina urefu wa mita 75 na upana wa mabawa karibu mita 68. Inasimama juu ya magurudumu 28, manne mbele na ishirini na manne katikati ya mwili. Pua yake hufunguka kwa kuinuliwa juu, mkia nao hufunguka, na ndege nzima inaweza kupiga magoti, yaani kushusha tumbo lake kuelekea ardhini ili magari yaingie upande mmoja na kutoka upande wa pili. Macho ya rubani, magurudumu yanapogusa ardhi, yako juu kama mtu aliyesimama kwenye dirisha la ghorofa ya tatu. Kwa hiyo jambo la kwanza ambalo mwanafunzi hulazimika kujifunza upya ni kutua, kwa maana hisia aliyojengewa na ndege ndogo, ya kujua ardhi iko umbali gani chini ya kiti chake, inamdanganya. Anatua, anaongeza nguvu bila kusimama, anapaa tena, anazunguka, anarudi, mchana na usiku. Watu wa Altus waliishi na mlio huo vichwani mwao kwa miaka 30 na zaidi.

Nyuma, tumboni mwa ndege, mwanafunzi wa shehena alikuwa na shule yake. Mimi huyo ndiye ninayemwelewa zaidi. Anajifunza kusoma uzito wa kila gari na kila paleti, yaani jukwaa la kufungia mizigo, kupima umbali wake kutoka mstari wa marejeo, kuzidisha, kujumlisha, na kupata kitovu cha uzito kabla injini haijawashwa. Anajifunza minyororo mingapi inatosha kulizuia gari zito la kivita lisisogee ndege inapofunga breki kwa nguvu, na minyororo hiyo ielekee wapi, kwa sababu mnyororo uliofungwa kwa pembe isiyofaa unabeba sehemu tu ya uzito ulioandikwa juu yake. Hesabu hizi hata sisi wa viwanja vya kiraia tunazifanya kila siku, ila za kwetu ni za masanduku na maua na minofu ya samaki. Minyororo ya gari la kivita ikikatika katikati ya kupaa, gari linateremka kuelekea mkia, na hakuna rubani wa kuizuia ndege hiyo isianguke.

Oktoba 1973 ilionyesha shule ilikuwa na thamani gani na ilikuwa na upungufu gani. Vita vilipozuka kati ya Israel na majirani zake, Marekani iliamua kupeleka silaha kwa ndege, na nchi za Ulaya, karibu zote isipokuwa Ureno, zilikataa ndege hizo zitue kwao. Kwa siku 32, kuanzia tarehe 14 Oktoba, C-141 na C-5 zilipitia Lajes, katika visiwa vya Azores, na kubeba zaidi ya tani 22,000. Mwenye kujali mizigo atazame mgawanyo. C-141 zilifanya safari 421, C-5 zilifanya 145 tu, na bado C-5 zilibeba karibu nusu ya uzito wote. Lakini bila Lajes, njia isingekuwepo. C-5 ilikuwa na tundu la kupokea mafuta angani tangu kiwandani, na wafanyakazi wake hawakuwa wamefundishwa kulitumia. C-141 haikuwa nalo kabisa. Baada ya hapo mafunzo ya kujazwa mafuta angani yakawa sehemu ya kazi, na kati ya 1977 na 1982 C-141 270 zilirefushwa kwa mita 7 kila moja na kuwekewa tundu hilo. Altus ilikuwa imejaliwa hapo pia, kwani ndege za KC-135 za kujaza mafuta zilikuwa zinakaa kambi hiyo hiyo.

Mwaka uliofuata shule ilipata msiba wa aina ambayo walimu huuogopa kuliko yote. Tarehe 27 Septemba 1974, C-5 ya Kikosi cha 443 iliwaka moto kwenye magurudumu, ikabidi itue haraka. Uwanja uliokusudiwa ulikuwa Clinton-Sherman, kambi ya zamani ya jeshi huko magharibi mwa Oklahoma, wenye njia ya kurukia inayozidi mita 4,000. Jirani yake kuna uwanja wa manispaa ya mji wa Clinton, ambao wakati huo njia yake ilikuwa mita 1,300 hivi. Wenye ndege waliona njia ya kurukia mbele yao, wakaielekea, na ilikuwa ile fupi. Ndege ikapita mwisho wa lami na kuharibika isitengenezeke. Ilikuwa C-5 ya kwanza kupotea katika kazi za kila siku.

Sioni haki kulisimulia tukio hilo kama uzembe. Fikiria chumba cha rubani chenye taa za hatari, moto chini ya sakafu, viwanja viwili vyenye jina moja la Clinton, na jicho la binadamu ambalo likishaona linachokitafuta huacha kutafuta. Kila anayefanya kazi kwenye viwanja anajua nguvu ya jambo hilo, na ndiyo sababu wakufunzi wa urubani husisitiza mpaka wanachosha kwamba uwanja unaouona kwa macho uhakikishwe kwa vyombo, hasa siku ambayo huna muda. Shule iliyolipa gharama hiyo kwa ndege yake yenyewe inalifundisha kwa sauti nyingine.

Januari 1986 toleo jipya la ndege hiyo, C-5B, lilipoanza kutolewa, la kwanza lilikwenda Altus. Ni mara ya tatu sasa.

Agosti 1992 kazi ya kikosi ilifika pwani yetu. Somalia ilikuwa imekumbwa na njaa na vita, na Marekani ikaanzisha daraja la anga kutoka uwanja wa Moi, Mombasa. C-141 zilishusha watu na vifaa, kisha C-130 zikachukua chakula kupeleka Wajir, Belet Weyne, Baidoa na kwingineko. Wa C-130 walikuwa wamesomea Little Rock, Arkansas. Wa C-141 walikuwa watoto wa Altus. Waliokuwa Mombasa miezi ile wanaikumbuka miungurumo juu ya Port Reitz kuanzia alfajiri.

Safari hizo zilikuwa bado zinaendelea pale, tarehe 1 Oktoba 1992, Kikosi cha 443 kilipofungwa. Shule haikufungwa. Ndege, majengo na walimu walibaki Altus, ila juu yao ikawekwa namba 97. Vita baridi vilikuwa vimekwisha, jeshi lilikuwa linapunguzwa, na Jenerali Merrill McPeak, mkuu wa jeshi la anga, alikuwa ameamua kwamba vikosi vyenye historia ndefu na nishani nyingi ndivyo vibakizwe, hata kama ni kwa kuhamisha namba kutoka kambi moja kwenda nyingine. Kikosi cha 97 kilikuwa na historia kubwa. Tarehe 17 Agosti 1942 kiliongoza shambulio la kwanza la mabomu mazito la Wamarekani kutoka Uingereza, B-17 kumi na mbili dhidi ya reli za Rouen, Ufaransa, na ndege iliyotangulia ilirushwa na Paul Tibbets, yule aliyekuja kudondosha bomu la atomiki juu ya Hiroshima miaka mitatu baadaye. Kilipigana Afrika ya Kaskazini na Italia, kikashambulia mitambo ya kusafisha mafuta ya Ploesti, Romania, na baada ya vita kiliendelea kuwa kikosi cha mabomu, mwishowe cha B-52, huko Arkansas.

Siwadharau watu wa 97. Wengi waliuawa wakiwa vijana wa miaka ishirini na kidogo. Lakini uamuzi ule naupinga. Kipimo kilichotumika kilihesabu nishani na umri, na kikosi cha kubeba hakiwezi kushinda katika kipimo hicho, kwa sababu kazi yake ikifanyika vizuri hakuna kinachotokea. Mchele unafika, mtu anakula, ndege inarudi. Shule ndiyo inayoumia zaidi, maana matunda yake yanahesabiwa kwa jina la kikosi kingine, mahali pengine, miaka mingine. Kama kulikuwa na kambi moja katika jeshi zima la Marekani ambapo namba ya Sylhet na Chihkiang ilistahili kubaki juu ya lango, ilikuwa kambi ambayo kila asubuhi ilikuwa inafundisha watu kubeba. Badala yake wanafunzi wa uchukuzi walipewa mabomu ya Rouen kuwa urithi wao.

Kazi ilisonga mbele. Mwaka 1993 shule ilihamishiwa kamandi ya mafunzo. Julai 1994, kipindupindu kilipokuwa kikiua wakimbizi wa Rwanda huko Goma, C-5 na C-141 zilifika Entebbe na Goma zikiwa na misaada, pamoja na mitambo ya kusafisha maji, na waliozirusha walikuwa wamefundishwa kabla au mara tu baada ya mabadiliko ya namba, pengine na mkufunzi yule yule. C-17 iliingia Altus mwaka 1996, ndege inayobeba mizigo mizito ya aina ya C-5 na kutua kwenye njia ya kilomita moja na kidogo. C-141 iliondoka shuleni mwaka 2001, na mafunzo ya C-5 yalihamishiwa San Antonio, Texas, mwaka 2007. Mwaka 2019 ikaja KC-46, ndege mpya ya kujaza mafuta.

Chini ya namba 97 skwadroni, yaani vikundi vidogo vilivyo ndani ya kikosi, zina namba zao, na hizo hazikufutwa zote. Mwaka 1966, kilipoundwa kikosi cha mafunzo pale Tinker, moja ya skwadroni zake ilikuwa ya 56, na ndiyo iliyofundisha C-5 tangu ilipofika Altus hadi ilipoondoka. Ilifungwa baada ya hapo, kisha ikafunguliwa upya mwaka 2016 kwa ajili ya KC-46. Mwanafunzi anayejifunza ndege hiyo Altus leo anafundishwa na skwadroni ya 56.